Mke Mwenza Mwenye Miguu Myekundu

Mume wangu Runji ana mke mwingine. Nasema wazi kwa sababu Kibugu nzima inajua, hata mchungaji wetu anajua, na hakuna aliyewahi kumsimamisha kanisani kwa sababu hiyo. Mke huyo ana miguu myekundu na mdomo mwekundu, na gauni lake la kahawia halijabadilishwa tangu niolewe. Kila alfajiri, kabla sijawasha moto, Runji huvaa gambuti zake akapanda juu ya shamba kumwita, naye humwitikia. Mimi nikimwita Runji aje anichanjie kuni, masikio yake yana nta.

Mke huyo ni kwale. Kwale wa msituni, si wale wadogo wa nyika wanaokimbia barabarani. Huyu ni mnene, hana mkia wa maana, na ana haya kuliko bibi harusi. Unaweza kuishi kando ya msitu wa Mlima Kenya maisha yako yote usimwone ila mgongo, tena mara moja, ukizama kwenye majani. Sauti yake utaisikia kila siku.

Mimi si mtu wa huku. Nilizaliwa Kianjai, Tigania, huko Meru, kwenye jua na maharagwe, na nilikuwa nikiuza maharagwe ya mama yangu sokoni Runji aliponikuta. Alikuwa ameleta viazi kutoka Embu na wenzake. Alikuwa kijana mrefu, mwenye kofia iliyomzidi kichwa, na alipocheka niliona pengo. Hakuwa na meno mawili ya mbele ya chini. Hakuyapoteza kwa ugomvi. Babu yake, mtu wa zamani asiyetaka habari za shule, alimpeleka kung'olewa alipokuwa mvulana, ingawa wengi wa rika lake walikuwa wameponea. Wazee walisema pengo lile lina faida: mtu akifungwa taya na pepopunda, utampitishia uji hapo.

Runji hakuwahi kufungwa taya, lakini pengo alilipatia kazi. Siku ile sokoni, alipoona simjali, aliweka ncha ya ulimi pale kwenye pengo, akakunja viganja mbele ya mdomo, akatoa sauti ya kukwaruza iliyopanda na kushuka, mara tatu. Kando yangu mama mmoja alikuwa na kuku wa kuuza, wamefungwa miguu, wamelala kwenye vumbi. Wote waligeuza vichwa. Nikacheka mpaka nikamwaga kopo la maharagwe, na mama yangu akaniambia jioni kwamba mwanamke akicheka namna ile, amekwisha kwenda. Alisema kweli. Mwaka haukuisha.

Kuku mgeni hakosi kamba mguuni. Nilifika Kibugu nikakuta baridi, ukungu, chai, na lugha ambayo niliielewa nusu. Chai niliipenda mara moja. Napenda kitu kinachokaa sawasawa, na shamba la chai likichunwa vizuri ni kama meza iliyopanguswa. Nilichuna kuliko mke yeyote wa ukoo ule, na sisemi hivyo kwa majivuno, waulize walio hai. Lakini kulikuwa na kitu kimoja kilichonikera kila nikiinua macho. Juu kabisa ya shamba letu, kati ya chai na ua wa umeme unaozuia ndovu, palikuwa na kipande cha ardhi kimeachwa hivihivi. Miti miwili ya muiri, mianzi michache, nyasi za kufika kifuani, miiba. Udongo mwekundu, mzuri, unaopata mvua kabla ya mtu mwingine yeyote.

"Tupande chai pale," nikamwambia Runji mwaka wa kwanza.

"Pale ni pa kwale."

"Kwale anatulipa nini?"

Akashusha kofia machoni, maana si mtu wa maneno mengi. Kisha, mbele ya mama yake mzazi, akaniambia, "Kananu, siku kwale wakiacha kuniitikia, panda. Sitasema neno. Naapa."

Mama mkwe wangu alitikisa kichwa, kwa sababu alijua mtoto wake haapi ovyo. Mimi nikajisemea, sawa, ndege hawaishi milele. Nikangoja. Nimengoja miaka arobaini na zaidi, na sikungoja kwa upole. Kila mwaka nilikuwa namkumbusha.

Katika kungoja huko nilijifunza mwaka wa kwale bila kutaka, vile mtu anavyojifunza nyimbo za jirani mwenye redio kubwa. Mwaka wao hauanzi Januari kama wetu. Huanza Desemba, mvua za vuli zinapochoka na jua kuanza kuchungulia mlimani. Wakati huo dume hupanda juu ya gogo au kichuguu, hutoa kifua, akaanza kelele. Anasema shamba ni lake, mke ni wake, na mwingine akikanyaga atakiona. Ndiyo maana Runji akiita, dume wa pale kwetu hukasirika na kumjibu. Nilimwambia, "Kumbe si mapenzi, ni matusi mnatupiana." Akasema ni vyote viwili.

Januari jike hupotea. Anakwaruza shimo dogo chini ya kichaka, anaweka majani makavu, anataga. Mayai yake yana rangi ya chai yenye maziwa mengi. Anayalalia peke yake, na akilala haoni mtu wala kusikia. Unaweza kumkanyaga kabla hajatoka. Dume kazi yake ni kuzunguka mbali na kupiga kelele ili nguchiro na mwewe wamfuate yeye. Februari mayai yanapasuka yote kwa siku moja, na vifaranga wakishakauka tu, wanaondoka. Hawarudi tena kwenye kile kiota. Mama hawalishi mdomoni kama njiwa. Anachakura, anawaonyesha mchwa, kila mtu anajilia. Binti yetu Wanja alizaliwa Februari. Uchungu ulinishika asubuhi, na baba yake alikuwa amelala kifudifudi juu huko akihesabu vifaranga vya mwanamke mwingine. Mama mkwe ndiye aliyenipeleka hospitali. Sijasahau, na sina mpango wa kusahau.

Masika ikija, wanyonge hufa. Mvua ya Aprili hapa kwetu haina huruma, na kifaranga akilowa usiku, asubuhi hayupo. Wanaobaki wanajifunza kuruka mpaka tawi la muiri, wanalala wamebanana. Julai na Agosti, ukungu unapokaa mpaka saa sita, huwa wanashuka hadi ndani ya chai yangu, baba mbele, mama nyuma, watoto katikati kwa mstari mmoja, wanakwaruza chini ya mashina. Wachunaji wangu wakiwaona wanaacha kazi kutazama. Mimi huwapigia kelele, wachunaji na kwale pamoja. Halafu Oktoba inafika, vuli inaanza, na yule baba aliyekuwa mpole anageuka. Anawafukuza vijana wake wa kiume mmoja baada ya mwingine, kwa mdomo na kwa mwiba wa mguuni, mpaka wanavuka ua kwenda kutafuta pao. Mabinti huondoka wenyewe. Mwaka vijana wetu wawili walipoenda Nairobi, Runji alikaa siku nzima hasemi. Nilimpelekea uji, nikamwambia, "Angalau wewe hukuwadonoa."

Basi hivyo ndivyo tulivyoishi, wao juu na sisi chini.

Mwaka juzi Wanja akapata mchumba. Wanja anafanya kazi kwenye ofisi ya kaunti pale Embu mjini, na kijana mwenyewe, Lennox, ni wa Nchiru, ana kiosk na vyumba anavyopangishia wanafunzi wa chuo. Kijana mzuri. Mmeru mwenzangu, kwa hiyo sikuwa na la kusema. Harusi ikapangwa ya Desemba, na Wanja akaja nyumbani Novemba kumchukua baba yake, akampeleka kwa daktari wa meno. Waliporudi, Runji alikuwa na meno mawili mapya ya chini, meupe, yameshikwa na kitu chekundu kama ufizi.

"Daddy, hizi ni za kutoa na kurudisha," Wanja akamwambia. "Lakini ukae nazo sana, mdomo izoee. Picha za harusi zitakaa miaka mingi. Na wewe Mama usimcheke."

"Sijacheka."

"Usipoziba ufa utajenga ukuta," Wanja akasema, naye ndiye akacheka.

"Ukuta gani sasa, na mimi nimefika miaka hii?" Runji akauliza. Lakini alikuwa amefurahi. Alijitazama kwenye kioo cha dirisha, akafunga mdomo, akafungua. Jioni ile alikula hindi la kuchoma kutoka kwenye gunzi lake, bila kupukuchua, na akaniambia hajawahi kufanya hivyo tangu awe mvulana. Aliongea mpaka tukalala. Nami nilimtazama nikaona amekuwa kijana, na moyo wangu ukampenda Wanja kwa jambo lile. Harusini alicheka kwenye kila picha, hata zile ambazo mpiga picha alitaka watu wasicheke.

Harusi ikaisha, wageni wakaenda, na Runji akavaa gambuti zake kama kawaida. Alirudi mapema.

"Leo wamelala," akasema.

Kesho yake wakawa wamelala tena. Wiki ikapita. Wale wa juu kabisa, wa kwenye mianzi ya ndani, aliwasikia wakipiga kelele zao, lakini wale wako mbali na hawana habari na sisi. Wa kwetu, wa kile kipande, kimya. Aliwaita alfajiri, aliwaita jioni. Alibadilisha mahali pa kusimama. Krismasi ikapita. Mwaka mpya ukaingia, na asubuhi moja sikusikia mlango. Nilipoamka kuwasha moto nilimkuta jikoni ameketi kwenye kigoda, kofia magotini.

Sitadanganya. Nilifurahi. Kwa mara ya kwanza tangu Kianjai nilikunywa chai ya alfajiri na mume wangu. Nilimpa kikombe, nikamweleza ndoto niliyoota, nikamweleza habari za kanisa, naye akasikiliza. Hata wiki ya pili nilifurahi. Ya tatu nikaanza kumtazama. Chai ilikuwa inapoa mkononi mwake. Nikimwuliza jambo, ananijibu mara ya pili. Mashati yakaanza kumpwaya.

"Wamehama, Mama Wanja," akaniambia siku moja. "Ama wameliwa. Ama mimi ndiye nimeisha na wao wamejua kabla yangu."

"Wacha mambo hayo."

"Miaka yote waliitika. Hata mwaka ule wa ukame waliitika." Akavuta pumzi. "Panda chai yako. Niliapa. Ahadi ni deni."

Mtu mwingine angesema hapana, tungoje kidogo. Mimi nilikuwa nimengoja kidogo tangu nikiwa na nywele nyeusi. Siku ileile nilienda kwenye kitalu nikachagua miche, nikaambiwa itakuwa tayari mvua ya Machi ikianza. Nikamtafuta jirani yetu Gichovi, hodari wa kufyeka, tukakubaliana. Mwisho wa Januari, nyasi zimekauka vizuri, tulipanda juu wawili, kila mtu na panga lake. Runji alibaki nyumbani. Hakutaka kuona, na sikumlaumu.

Gichovi alianzia juu, karibu na ua. Mimi nikaanzia chini, upande wa muiri mkubwa, na niliingia mle kwa hamu, nawaambia. Kila nyasi niliyokata ilikuwa na jina la mwaka mmoja. Nilishafyeka kama upana wa chumba hivi, nikainama kukata mwiba mmoja mnene, na hapo kitu kikapasuka miguuni pangu kwa kelele, nikaanguka kitako.

Alikuwa kwale. Jike. Alianguka hatua chache mbele yangu, bawa moja linaburuta chini, anapiga piga lile lingine, anajikokota. Nikajua nimemkata kwa panga. Nikasema moyoni, afadhali basi, leo utalala kwenye sufuria yangu na deni letu liishe. Nikainuka, nikamfuata. Akajikokota mbele. Nikamkaribia, akajirusha kidogo. Nikavua leso kumtupia, nikakosa. Tulikwenda hivyo mpaka karibu na ua, mimi mama mzima wa kanisa, leso mkononi, napumua kama ng'ombe, na hapo yule ndege akainuka kwa mabawa yote mawili, mazima kabisa, akaruka juu ya nyaya akaingia msituni.

Gichovi alikuwa ameshikilia mti kwa kucheka.

"Mama Wanja! Hata wewe, mke wa Runji?"

Hata mimi, mke wa Runji. Nimesimuliwa hadithi ile ya bawa lililovunjika nikipika, nikifua, nikinyonyesha, kwamba jike anayelalia hujifanya kiwete ili akuvute mbali. Na alinivuta. Nikarudi nilikotoka, nimekasirika, nikafunua ule mwiba kwa ncha ya panga. Mayai. Yamekaa kwenye majani makavu, yamesogeleana. Nikayagusa kwa mgongo wa mkono. Yalikuwa moto.

Gichovi akaja akachungulia. "Hiyo si shida. Mimi niko na kuku ameanza kulalia juzi. Nipee nimwekee. Zitaanguliwa zote, na wewe uendelee na shamba yako."

Ilikuwa akili nzuri, na karibu nikubali. Watu wa huku wamefanya hivyo siku zote: ukikuta mayai ya kwale, unamwekea kuku. Kuku hana ubaguzi, atalalia hata kiazi. Shida huja baadaye. Vifaranga wakitoka, kuku anawaita, nao hawamwelewi. Anachakura, anasema njooni, wao wanasimama tu. Siku ya pili wanatawanyika kwenye nyasi, kila mmoja upande wake, wakitafuta mtu anayeongea kama mama yao. Hakuna anayepona. Wanaambiwa neno lilelile, njooni mle, lakini sauti siyo.

Sauti siyo. Nilisimama pale na panga langu. Kama jike amelala hapa na mayai ya moto, basi mume wake yuko hapa pia, na wote wawili walikuwa hapa Desemba nzima. Walimsikia Runji kila alfajiri. Basi walisikia nini? Nikakumbuka nikiwa jikoni, mlango wazi, nikisikia mwito wake kutoka juu, na nikiwaza kwamba baridi imemkamata kifua, maana sauti ilikuwa na mluzi ndani yake, kama sufuria inayovuja mvuke. Nilisikia na sikufikiria. Ulimi wake ulikuwa unatafuta pengo, na pengo lilikuwa limezibwa. Dume wa kwetu alisikia mtu wa ajabu akijaribu kuongea kikwale, akafunga mdomo na kuwaficha wa kwake. Hata mimi ningefunga.

"Gichovi, enda nyumbani," nikamwambia. "Leo imetosha. Na hukuona kitu."

"Na shamba?"

"Enda."

Alipokwenda niliketi juu ya jiwe. Nilikuwa na hasira, na nitasema kwa nani: kwa huyo ndege. Miaka yote amekula jioni zangu na asubuhi zangu, na sasa nilipomshinda, kwa haki, kwa kiapo cha mwenyewe, anakuja kutaga miguuni pangu. Nilijua vizuri kwamba duniani mtu pekee aliyejua jambo lile la meno ni mimi. Nikinyamaza, Machi napanda. Mume wangu atakunywa chai na mimi kila asubuhi mpaka Mungu atakapomwita, na kwa vile alivyokuwa amekaa pale jikoni, sikuona kama Mungu angechelewa. Lile ndilo lililonishinda. Yule niliyempata kwenye kigoda hakuwa Runji. Runji wangu yuko na makelele ya ndege mdomoni na umande kwenye suruali, na nilimtaka huyo, na nilikasirika kumtaka. Nikalia kidogo. Kisha nikachukua zile nyasi nilizokata, nikamrudishia yule jike paa la nyumba yake kadiri nilivyoweza, nikashuka.

Runji alikuwa kibarazani, anaparura ubao kwa kisu bila sababu.

"Toa meno," nikamwambia.

"Nini?"

"Toa hayo meno ya Wanja, uje."

"Wanja alisema nikae nayo."

"Wanja yuko Embu. Mimi niko hapa. Toa, Baba Wanja, halafu tupande juu ukaite."

Alinitazama. Ni mtu mpole lakini si mjinga. Niliona anafika pale nilipofika, polepole, ulimi wake ukitembea nyuma ya midomo. Halafu niliona kitu ambacho sikutarajia. Aliogopa.

"Na wakikataa?" akauliza. "Nikitoa na bado wakatae?"

Hapo nilielewa kwamba alikuwa amependelea kutojua. Akiwa na meno, angeweza kusema ni ndege waliohama. Akiyatoa na msitu ukanyamaza, basi aliyekwisha ni yeye. Nikamshika mkono, jambo tusilolifanya mchana, nikamwinua.

"Wakikataa," nikasema, "nitakuitikia mimi."

Jua lilikuwa linaegemea tulipofika juu, wakati ambao kwale huita kwa mara ya mwisho kabla ya kupanda mtini. Alisimama mwisho wa chai. Aliona nyasi zilizofyekwa. Akatoa yale meno, akayafunga kwenye kitambaa, akanipa nimshikie. Akalowesha midomo. Akakunja viganja.

Mara ya kwanza ilitoka vibaya, kwa woga. Kimya. Ya pili ikatoka kama ile ya Kianjai, ile iliyogeuza kuku waliofungwa miguu, na nikaisikia mpaka tumboni. Tukasikiliza. Nyuki wa jioni, maji ya mto chini, mtu akipasua kuni mbali. Runji akashusha mikono. Nilianza kutafuta neno la kumwambia, na kabla sijalipata, kelele ikalipuka karibu nasi, karibu sana, nyuma ya muiri, ya mwenye nyumba aliyetukanwa mlangoni pake. Karrr, karrr, karrr, mpaka pumzi ikamwishia. Akaanza tena.

Runji hakumjibu. Hakuweza. Alikuwa amejifunika uso kwa kofia, na mabega yanatetemeka, na mimi nikatazama upande wa pili mpaka amalize, kwa sababu ni mume wangu na ana heshima yake.

Alipomaliza alipangusa pua, akasimama wima.

"Mama Wanja," akasema, "neno ni neno. Hiki kipande nilikupa kabla hawajaitika. Hata kama wako, ni chako. Panda."

Na alimaanisha. Namjua. Ningepanda chai kesho yake, angenisaidia kuchimba mashimo.

"Ni changu kabisa?"

"Kabisa."

"Nikiamua jambo hapa, hutanipinga?"

"Sitakupinga."

"Basi sikiliza, mwenye shamba anaongea. Hapa hapapandwi chai. Si Machi, si mwaka ujao, si nikiwa hai. Na wewe na hizo gambuti zako kubwa, usiende upande ule wa muiri mpaka nikuambie, kuna mama amelala."

Alinitazama, mdomo wazi, pengo wazi.

"Umemwona wewe?"

"Alinikimbiza na ile ya bawa mpaka kwenye ua. Muulize Gichovi."

Akacheka, akakohoa, akacheka tena. Kisha akasimama hapo akinitazama kama vile ndiyo kwanza nimeshuka kutoka Kianjai.

"Miaka hii yote nilidhani unawachukia," akasema.

"Nawachukia sana," nikamwambia. "Ita mara moja tena, halafu twende nyumbani."